Kikohozi cha Mwenyekiti

Ulimsikia kasuku yule akikohoa, ukacheka. Usigeuze uso. Wewe uliyeshika kitabu hiki, kama hukuwa katika saluni hii, ulikuwa katika duka jingine au baraza jingine, ukamwona ndege amejikunyata ndani ya tundu, manyoya yamemtimka, machozi yanamlenga, ukapita zako. Ulisema si wako. Ulisema ndege ni ndege tu. Basi kaa kitako usikie yaliyowafika waliosema hivyo kabla yako, maana wapo wanaomkumbuka kila aliyecheka, na kiti alichokuwa amekikalia.

Saluni yenyewe ilikuwa chumba kimoja chenye vioo ukutani, beseni la kuoshea nywele, na feni iliyozunguka huku ikilalamika. Nyuma yake palikuwa na ujia mwembamba usio na dirisha, na mwisho wa ujia palikuwa na stoo. Mwenye saluni alikuwa msusi ambaye vidole vyake vilisifiwa mtaa mzima, kwa kuwa alisuka mistari iliyonyooka kama imepigwa kwa rula. Alisaidiwa na mdogo wake. Na kila siku baada ya masomo, binti wa msusi, mwanafunzi wa darasa la sita, alivua viatu mlangoni, akajifunga aproni iliyomfika vifundoni, akaingia kazini. Aliokota rola, akafagia nywele, akakunja taulo, na mwisho akasafisha tundu la kasuku.

Binti huyo walimwita Chiriku, kama yule ndege mdogo asiyejua kunyamaza. Aliongea akifagia, aliongea akikunja taulo, na wateja walidai kwamba hata akiwa amejaza maji mdomoni angepata njia. Jirani yao, bibi kizee muuza vifungo na nyuzi ambaye kila mtu alimwita Bibi Vifungo, alikuja kila alasiri kukaa chini ya tundu kwa sababu hapo ndipo feni ilipomfikia vizuri. Alikuwa na usemi wake mmoja: saluni hii ina ndege wawili, ila wamekosea wa kumfungia.

Aliyefungiwa alikuwa kasuku wa kijivu mwenye mkia mwekundu, na jina lake lilikuwa Mwenyekiti, kwa kuwa bila yeye kikao hakikufunguliwa. Mteja akiingia, Mwenyekiti alimwambia, "Karibu, kaa." Mteja akisogea kwenye beseni, alimwamuru, "Kichwa chini." Mabibi wenye vyeo vyao, waliozoea kuinamiwa maofisini, waliinamisha vichwa kwa amri ya ndege. Aliiga mlio wa simu, mkwaruzo wa mlango, na kicheko cha Mama Mdogo, yaani yule mdogo wa msusi, hadi Mama Mdogo mwenyewe alikuwa akigeuka kutazama ni nani anayecheka.

Kusafisha tundu, Mama alikuwa amemwonyesha Chiriku namna moja tu. Unalowanisha karatasi ya chini kwa maji, unaikunja ikiwa bado mbichi, unaitupa, halafu unafuta vyuma kwa kitambaa chenye maji na sabuni. Kazi hiyo ilimchosha Chiriku. Kinyesi kikilowa kilinata, kikanuka, kikaingia kwenye kucha. Ndipo siku moja, wakati Mama ana mteja, akagundua njia yake, njia ambayo isingegunduliwa na mtoto wa fundi viatu wala wa mkulima. Alilipeleka tundu kwenye ujia, akachomeka draya ya kukaushia nywele, akaiweka kwenye nguvu kubwa kabisa, akapuliza. Makapi ya mbegu, manyoya na kinyesi kilichokauka vikaruka kama unga kinuni. Mwenyekiti akatanua mabawa kama bibi harusi anayepigwa picha. Muda wa kunywa chai tu, tundu lilikuwa safi.

Mama Mdogo alimwona, akacheka, akamwambia ana akili ya fundi. Bibi Vifungo, aliyekuwa kitini kwake, alipiga chafya mfululizo, akalalamikia poda za siku hizi. Mama alipokuja ujiani kuchanganya dawa za nywele, kama alivyofanya kila siku, alikuta hewa ina ukungu mwembamba wenye harufu. Akaupunga kwa mkono, akaendelea na kazi.

Hapo palikuwa na uvivu tu. Hofu ilikuja na sanduku.

Mama alikuwa amesafiri kwenda kwenye harusi ya mpwa wake. Muuza ndege mmoja, mtu wa maneno laini na viatu vya vumbi, alikuja na sanduku la mbao lililozibwa kwa wavu, na ndani yake makinda ya kasuku yamebanwa hata hayakuweza kugeuka. Alimwomba Mama Mdogo amhifadhie stoo mpaka apate wanunuzi. Alisema mbegu za Mwenyekiti zitakuwa juu yake mwezi mzima. Mama Mdogo hakuuliza makinda hayo yametoka msitu gani, wala kwa ruhusa ya nani. Alifungua stoo. Halafu akamwinamia Chiriku, akamwambia kwa sauti ya utani isiyo na utani ndani yake, "Hili tusimsumbue nalo mama yako, sawa mwanangu?"

Chiriku akaitikia. Akayasafisha na makinda pia, kwa draya ileile. Aliona kwamba yalikuwa yakipiga chafya. Aliona moja limelala ubavu chini ya wenzake, na asubuhi muuza ndege alilitia mfukoni kama mtu anayeokota kitufe, akaenda kulitupa. Mama aliporudi kutoka harusini, sanduku lilikuwa limeshaondoka na makinda yalikuwa yameshauzwa huku na huko. Hakuna aliyemwambia.

Baadaye kidogo Mwenyekiti akaanza kukohoa.

Ilikuwa sauti kavu, fupi, kama mtu anayesafisha koo kabla ya kuhutubia. Saluni nzima ikaangua kicheko. Mteja mmoja mwalimu, mwenye pumu, ndiye aliyekohoa hivyo kila alipokuja, na wote wakaamini kasuku anamwigiza. Mwalimu mwenyewe alicheka hadi akafuta machozi. Walimtaka ndege arudie. Wakamletea njugu. Mteja mmoja akasema sasa kweli ni mwenyekiti, kwa maana anakohoa badala ya kujibu maswali. Na Mwenyekiti akarudia, akarudia, na kila aliporudia mkia wake ulinesa juu na chini kama mtu anayevuta pumzi kwa pampu.

Chiriku pia alicheka. Lakini yeye ndiye aliyekuwa na tundu mikononi kila jioni, na akaona wasiyoyaona waliokaa vitini. Pua ya ndege ilikuwa na ute. Macho yalikuwa yamevimba pembeni. Kinyesi kilikuwa kimegeuka kijani kama majani yaliyopondwa. Njugu zililala zilivyo. Halafu siku moja mteja aliingia na hakuna aliyemwambia karibu, wala kaa.

Mama aliuliza mbona mzee wetu amenyamaza. Mama Mdogo akawahi kujibu kwamba anabadilisha manyoya, ndege wote huwa hivyo. Alipojibu, alimtazama Chiriku kupitia kioo. Chiriku, ambaye maneno hayakuwahi kumwishia, akaufyata mkia. Akachukua ufagio.

Haikupita muda Mama akaanza kulalamika kichwa. Kilimgonga, alisema, kama mtu anayepigilia misumari kwa ndani. Ikaja homa, ikaja baridi, viungo vikamlegea, kikaja kikohozi kikavu kisicho na makohozi. Kila mtu alikuwa na jibu lake mdomoni. Mmoja alisema ni malaria. Mwingine akasema ni zile dawa za kulainisha nywele, zimemwingia kifuani. Muuza duka la dawa hakusema kitu kabisa. Alisikiliza jina la ugonjwa walioukisia, akachukua vidonge rafuni, akavitia kwenye bahasha. Hakumpima. Hakuuliza swali hata moja. Mtu huyo yupo mpaka leo, anauza mpaka leo, na mpaka leo haulizi.

Asubuhi moja, Mama akiwa katikati ya kichwa cha mteja, kitana kilimponyoka. Aliinama kukiokota, hakuinuka. Walimkuta amepiga magoti, ameshika sakafu kwa viganja, anatafuta pumzi asiipate, na midomo yake ilikuwa imebadilika rangi. Chiriku alisimama pale na taulo mkononi, na kitu pekee alichokisikia katika chumba kile kilikuwa pumzi mbili zinazofanana, ya mama yake sakafuni na ya kasuku juu.

Hospitalini walimlaza, wakamvisha kinyago cha oksijeni, wakampiga picha ya kifua. Mapafu yote mawili yalikuwa na ukungu. Daktari wa wodi, mwanamke mrefu mwenye miwani iliyoning'inia kwa uzi, alisema ni nimonia, lakini nimonia yenye ukaidi, kwa sababu sindano alizokuwa akipewa hazikumsogeza hata kidogo. Akawaita pembeni Mama Mdogo na Chiriku. Aliuliza mengi: kama Mama anavuta sigara, kama amesafiri, kama kuna mwingine anayekohoa. Mwisho akauliza kama nyumbani wanafuga mnyama au ndege yeyote.

"Nyumbani kwetu, daktari, hakuna hata kuku," alijibu Mama Mdogo.

Na ilikuwa kweli tupu. Nyumbani hapakuwa na hata kuku. Kasuku alikuwa saluni. Mama Mdogo alisema ukweli ule huku kisigino chake kikiwa juu ya vidole vya Chiriku, na daktari akashukuru, akaenda kwa mgonjwa mwingine.

Nje, kwenye benchi la wodi, Chiriku alimwuliza kwa nini hakumtaja Mwenyekiti. Mama Mdogo alitazama huku na huku kwanza. Alieleza kwamba watu wa afya wakisikia habari ya ndege mgonjwa watafunga saluni, na saluni ikifungwa wote watakula nini. Wakichimba zaidi watalifikia lile sanduku, na ndege wa msituni huuzwa kwa kibali, na yeye hakukiona kibali chochote. Kisha, kama mtu anayefunga mlango kwa komeo, akaongeza neno lililomwingia mtoto hadi mfupani.

"Na usisahau, aliyepuliza ni wewe."

Tangu hapo Chiriku hakuwa Chiriku tena. Shuleni mwenzake wa dawati alimwuliza kama ameng'oa jino. Akifumba macho aliuona ule unga ukiruka ujiani, na sasa kila chembe ilikuwa na mdomo. Aliwaza: nikisema, watanifunga, au mama atajua ni mimi niliyemwua. Nikinyamaza, labda atapona mwenyewe. Mtu mwenye hofu hujifanyia biashara kichwani namna hii, na kila siku hupata hasara.

Kila alipokwenda wodini alitafuta kwanza kifua cha mama yake kwa macho, kuona kama kinapanda na kushuka. Kilipanda, lakini kwa haraka, na kwa juu juu. Mama hakuongea. Siku moja alimshika mkono, akataka kusema neno, akaishia kukohoa. Muuguzi akamwondoa mtoto kitandani kwa upole, na upole huo ndio uliomtisha zaidi kuliko ukali wote aliowahi kuuona.

Jioni hiyo alipita saluni. Mama Mdogo alikuwa anasuka, kwa kuwa hakutaka wateja wahisi kitu. Mwenyekiti alikuwa ameshuka kwenye kijiti chake, amekaa sakafuni mwa tundu, kichwa amekizamisha kwenye manyoya. Na chini yake, katika kiti kilekile, Bibi Vifungo alikuwa ameshika kifua. Alitania kwamba amekaa sana na ndege mpaka ameambukizwa uongozi. Alicheka, na kicheko kikakatika. Akakohoa.

Kavu. Fupi. Ileile.

Chiriku akamtazama Mama Mdogo kupitia kioo, na safari hii Mama Mdogo ndiye aliyekwepesha macho. Wateja watatu walikuwa wamekaa. Wote walimsikia bibi. Mmoja alifunua ukurasa wa gazeti. Mwingine aliuliza kama rangi ya kucha imekauka. Kumbuka hilo unapojisifu kwamba wewe si mtu mbaya. Nao hawakuwa watu wabaya.

Chiriku akaweka begi chini, akatoka. Hakuvaa hata viatu. Mama Mdogo alimwita mara moja, halafu akanyamaza, kwa sababu kumwita zaidi kungewafanya watu waulize.

Alimkuta daktari wa wodi kwenye korido, anakunywa maji akiwa amesimama. Daktari alimtazama miguu yake yenye vumbi, akaweka kikombe dirishani, akachuchumaa mpaka macho yao yakalingana.

"Wewe ni wa kitanda cha pembeni. Mtoto wa msusi."

Chiriku akatikisa kichwa kukubali. Kisha maneno yakamtoka yote kwa mpigo, kama gunia lililopasuka: kasuku, kikohozi, sanduku, kinda lililokufa, kinyesi cha kijani, draya, ujia ambao mama huchanganyia dawa, Bibi Vifungo. Daktari alimsimamisha kwa kidole.

"Rudia. Polepole. Huyo ndege yuko wapi?"

"Saluni. Siyo nyumbani. Mama Mdogo hakusema uongo, ila..." Akameza mate. "Ila alijua unachotaka kujua. Na mimi nilijua. Ni mimi niliyepuliza. Nimemwua mama?"

Daktari hakumbembeleza kwa maneno matamu. Alisema mama yake ni mgonjwa sana, na kwamba mtu haahidi kisicho mkononi mwake. "Lakini mpaka dakika hii nilikuwa nabahatisha," alisema. "Sasa sibahatishi. Na kosa moja ni langu. Niliuliza nyumbani, nikasahau kuuliza kazini."

Akainuka, na tangu hapo hakutembea, alikimbia. Chiriku alimsikia akimwagiza muuguzi abadilishe dawa ya kitanda cha pembeni sasa hivi, kabla hata ya majibu ya maabara, kwa kuwa bakteria wa ugonjwa huu hawashughuliki na sindano zile za mwanzo. Wana dawa yao. Alimsikia akipiga simu kwa daktari wa mifugo, na kwa ofisi ya afya. Kisha akamgeukia Chiriku na kumpa kazi: aende na mhudumu mwenye gari, wamlete Bibi Vifungo kabla hajachelewa.

Ugonjwa una jina. Huitwa homa ya kasuku, ingawa huwapata njiwa, bata na ndege wengine pia. Bakteria wake hukaa kwenye ute wa pua, kwenye manyoya na kwenye kinyesi cha ndege mgonjwa, na wakati mwingine ndege mwenyewe huonekana mzima kabisa. Kinyesi kikikauka kinakuwa vumbi, vumbi linaingia kwa pumzi, na pumzi inashuka mapafuni. Ndivyo daktari wa mifugo alivyowaeleza alipofika saluni kesho yake, kijana mnene aliyevaa barakoa nzito, glavu na koti la mpira, hata mteja mmoja akauliza kama amekuja kutibu ndege au kwenda mwezini. Hakulitikisa tundu. Alilinyunyizia maji kwanza, taratibu, mpaka kila kitu kikalowa, ndipo akaligusa. Chiriku aliyatazama maji yale yakichuruzika, akakumbuka kitambaa kibichi cha mama yake.

Saluni ilifungwa kweli, kama Mama Mdogo alivyoogopa. Ukuta, feni, beseni, vyote vilioshwa kwa dawa ya kuua vijidudu. Mwenyekiti alichukuliwa kwenda kutengwa na kutibiwa. Mama Mdogo alikaa kwenye ngazi ya mlango, akalia, akaeleza habari ya sanduku mwanzo mpaka mwisho. Daktari wa mifugo alimwuliza swali moja tu: makinda mengine yako wapi?

Mama hakupona siku hiyo, wala iliyofuata. Kwa muda Chiriku alikaa na hofu iliyobadilika sura tu, kwa kuwa mtu akishasema ukweli bado lazima asubiri. Majibu ya maabara yalipokuja yalithibitisha walichokwisha kukitibu. Kisha homa ikaanza kuteremka. Kinyago kikaondolewa kwa saa moja, halafu kwa mchana mzima. Bibi Vifungo, aliyekuwa kitanda cha pili, aliwahiwa, na sauti ilipomrudia jambo la kwanza alilolidai ni kiti chake. Mwalimu mwenye pumu na wateja wengine wa siku zile waliitwa kupimwa. Wengine walinuna. Mmoja alisema hatakanyaga tena saluni ya ndege. Hakukosea kukasirika, alikosea kucheka hapo kwanza.

Siku Mama alipoweza kukaa na mto mgongoni, alimwita Chiriku kitandani na kumtuma Mama Mdogo asogee pia. Alikuwa amekonda, sauti yake ikikwaruza. Chiriku alianza kuomba msamaha kwa ajili ya draya, akalia katikati ya sentensi. Mama alimwacha alie, kisha akamfuta uso kwa ncha ya shuka.

"Nisikilizeni nyote wawili, sina pumzi ya kurudia," alisema. "Kupuliza, mwanangu, ulipuliza kwa uvivu, hukujua madhara yake. Hilo limekwisha leo. Lakini kunyamaza, ulinyamaza unajua. Kila siku uliyonyamaza, mimi niliishiwa hewa, na bibi wa watu akaingia zamu. Umesema kwa kuchelewa, ila umesema, na ndiyo sababu nakuona. Usichelewe tena. Hofu si dhambi, mwanangu. Ukiogopa, sema huku unaogopa."

Akamgeukia mdogo wake. Hakumgombeza. Alimwambia tu kwamba saluni ni viti na vioo, vitafunguliwa tena. Mapafu hayana fundi wa kuyasuka upya. Mama Mdogo akainamisha kichwa bila kuamriwa na kasuku.

Saluni ilifunguliwa. Tundu lilirudi, lakini sasa linatundikwa barazani penye hewa, mbali na beseni na mbali na chakula. Anayelisafisha ni Mama Mdogo, mtu mzima, mwenye barakoa na glavu, kwa maji na dawa, na mikono huoshwa kwa sabuni kabla haijagusa kichwa cha mtu. Draya hukausha nywele, basi. Ndege mgeni haingii bila cheti cha daktari wa mifugo. Na kila mteja mpya huelezwa yaliyotokea na Mama mwenyewe, hata kama atabeba mkoba wake aondoke.

Mwenyekiti naye alirudi, manyoya yamelala vizuri, macho makavu. Kisha alasiri moja, saluni imejaa, akakohoa.

Kilikuwa kikohozi cha Mama, kile cha kabla hajaanguka, kimeigizwa sawasawa. Hakuna aliyecheka. Mikono ilisimama vichwani. Mama alikuwa ameshika kitana hewani. Chiriku alitoka kwenda barazani, akamtazama ndege pua, akamtazama macho, akatazama karatasi ya chini. Vyote vilikuwa vizuri. Pengine alikuwa anaiga tu. Mtoto yule hakuridhika na neno pengine. Alivaa viatu, akaenda kumwita daktari wa mifugo, na njiani aliwaeleza watu wote aliokutana nao anakokwenda na kwa nini.

Muuza ndege hajapatikana. Makinda ya sanduku lile yaliuzwa, na yako majumbani, yamekua, yamejifunza kusema karibu. Huenda moja liko kwa jirani yako. Huenda liko kwako, juu ya meza mnayolia chakula, na mdogo wako analipulizia makapi kwa mdomo wakati wewe umekaa hapo unasoma. Funga kitabu. Nenda kalitazame pua, macho na kinyesi, bila kuligusa na bila kupuliza. Ukiona dalili, mwambie mtu mzima leo hii; akikunyamazisha, mwambie mwingine; na mtu wa nyumbani akikohoa, mwambie daktari kwamba kuna ndege, hata kama hajauliza. Inuka sasa. Bado umekaa?